Mnara wa Siloamu na Magofu ya Kwenye Kioo



Wapendwa wasikilizaji, ninyi mlioko majumbani, ninyi mlioko visiwani, nanyi mlioko njiani kuelekea kanisani: katika Dominika hii ya Tatu ya Kwaresima, Mwaka C, Mama Kanisa anatusomea habari ya jengo lililoanguka. Mwinjili Luka, katika sura ya 13, anatusimulia jinsi Bwana wetu alivyowakumbusha watu juu ya mnara wa Siloamu uliowaangukia wakazi 18 wa Yerusalemu ukawaua. Bwana aliijua vizuri hesabu wanayoipiga wanadamu penye msiba: kwamba aliyeangukiwa lazima alikuwa na kosa. Akaikataa hesabu hiyo. Wale 18 hawakuwa wakosefu kupita wenzao waliobaki hai. Hakuwapekua marehemu, aliwageukia walio hai akawataka waongoke.

Leo tungependa kuutazama mnara huo kwa njia ambayo huenda wazee wetu wakaishangaa. Wapo wazazi hapa Mwanza ambao wametufikia na swali juu ya vijana wao wanaokesha mbele ya kioo cha televisheni au cha kompyuta, pedi mkononi, wakicheza michezo ya video. Tunajua kwamba katika vibanda vingi vya gemu vya mji wetu vijana hucheza mpira wa miguu, na hilo haliwasumbui sana wazazi. Linalowasumbua ni aina nyingine ya mchezo, ule ambao dunia imekwisha kuangamia, miji imebaki magofu, na mchezaji anaingia peke yake katika jengo bovu lenye giza, akitafuta kitu. Swali la wazazi ni fupi: je, ni halali kumwacha mtoto akatembee humo usiku kucha?

Ndugu zangu, kabla ya kujibu, yatupasa kwanza kuyaingia magofu hayo sisi wenyewe, angalau kwa fikra, tusije tukahukumu tusichokijua.

Mchezo mmojawapo wa namna hiyo, tena mashuhuri, ulitolewa mwaka 2007 na kampuni ya GSC Game World ya mjini Kyiv, nchini Ukraine. Jina lake ni S.T.A.L.K.E.R.: Shadow of Chernobyl. Waliouunda hawakuhitaji kubuni magofu yao kutoka hewani. Tarehe 26 Aprili 1986, kinu namba nne cha nyuklia cha Chernobyl kililipuka. Siku iliyofuata, wakazi wapatao 49,000 wa mji jirani wa Pripyat walipandishwa katika mabasi, wakiambiwa wachukue vitu vya siku chache tu. Hawakurudi kuishi huko tena. Shule, hospitali na nyumba za ghorofa zimebaki vivi hivi, miti ikiota juu ya sakafu. Katika mandhari hiyo ndimo mchezaji anamotembezwa.

Na huko ndani hutembea vipi? Hutembea kwa hadhari kubwa. Anacho kipimo cha mionzi kinachotoa mlio wa haraka haraka penye hatari. Hutupa boliti ya chuma mbele yake ili kugundua mitego isiyoonekana kwa macho, kisha ndipo anapopiga hatua. Anashuka ngazi za maabara iliyo chini ya ardhi, iliyoachwa zamani, akiwa na taa ndogo tu, huku akisikiliza kila mkwaruzo nyuma ya ukuta. Mzigo wake una kipimo: akijitwisha kupita kiasi, hawezi kukimbia. Akikuta maiti, huipekua mifuko, akachukua risasi, dawa na chakula. Akiuawa, haidhuru. Kabla ya kufungua mlango wa hatari alikwisha kuihifadhi hatua yake, au kama vijana wenyewe wasemavyo, alikwisha kusevu. Hubonyeza kitufe, akafufuka mahali alipokuwa, akajaribu tena.

Tuseme kweli: si yote hayo mabaya. Kijana anayejifunza kutupa boliti kabla ya kukanyaga amejifunza jambo ambalo watu wazima wengi hawalijui. Kijana anayetambua kwamba mzigo ukizidi hukuua mwenyewe, huyo tungependa awe nahodha wa kivuko. Hata hofu ile ya kuingia gizani ina mafundisho yake. Kwa hiyo hatutasema leo kwamba kila anayecheza mchezo huo ametenda dhambi. Ila tunataka kulinganisha magofu hayo ya kwenye kioo na magofu mengine, ambayo sisi wa Tanzania tumeyaona kwa macho yetu.

Mwezi Novemba mwaka 2024 mambo mawili yalitokea katika wiki moja. Tarehe 20 ya mwezi huo, toleo la pili la mchezo tuliousimulia lilianza kuuzwa duniani, baada ya kungojewa miaka mingi. Waundaji wake walilimaliza huku nchi yao ikipigwa mabomu katika vita vikubwa vilivyoanza Februari 2022. Baadhi yao walihamia Prague, na wengine walishika silaha. Watu waliochora magofu kwa ajili ya burudani walikuja kuyaona magofu ya kweli katika mitaa yao wenyewe.

Siku nne kabla ya hapo, yaani Jumamosi tarehe 16 Novemba, jengo la ghorofa lilianguka Kariakoo, jijini Dar es Salaam, asubuhi, saa ambayo wafanyabiashara walikuwa wamekwisha kufungua maduka. Mnakumbuka, wapendwa. Wengi wetu huku Kanda ya Ziwa tulikuwa na ndugu au jirani aliyekuwa amekwenda kufuata mali huko, tukapiga simu mpaka usiku. Zaidi ya watu 20 walipoteza maisha. Zaidi ya 80 walitolewa wakiwa hai.

Nani walikuwa wa kwanza kuingia katika kifusi kile? Walikuwa wapita njia, wachuuzi, wapagazi, vijana wa mtaani, wakivunja zege kwa nyundo na kuondoa mawe kwa mikono mitupu. Wakaja askari wa zimamoto na uokoaji, na majeshi, na mitambo. Wapo waliokuwa wamenaswa chini ambao sauti zao zilisikika. Wakapelekewa maji na hewa kupitia mianya wakati njia ya kuwafikia ikitafutwa. Mahali kama hapo waokoaji huomba kimya. Mashine huzimwa, umati hunyamaza, na watu huinamia zege na kutega sikio: je, yupo anayegonga?

Hapo, ndugu wasikilizaji, ndipo tunapoiona tofauti. Mchezaji naye hutega sikio gofuni. Lakini kila sauti anayoisikia ni ya adui, naye hushika bunduki. Muokoaji hutega sikio akiomba Mungu asikie sauti. Giza ni lile lile, vumbi ni lile lile, dari inaning'inia vile vile. Mmoja ameingia kutafuta kitu, mwingine ameingia kutafuta mtu. Wa kwanza akikuta maiti huipekua mifuko. Wa pili akikuta maiti huifunika, akaiuliza jina, akaibeba kwa heshima mpaka inapongojewa na jamaa zake.

Sisi wa Mwanza tungesahau jambo hili, mawe yenyewe yangetukumbusha. Pale Igoma yapo makaburi ya ndugu zetu waliokufa katika meli ya MV Bukoba. Ilikuwa Jumanne, tarehe 21 Mei 1996. Meli ilikuwa imetoka Bukoba, ikapitia Kemondo, na ilikuwa imekaribia kufika bandarini kwetu. Uwezo wake ulikuwa abiria 430. Waliokuwamo walizidi sana idadi hiyo. Ikapinduka. Kwa muda tumbo lake lilibaki juu ya maji, na ndani yake, katika hewa iliyokuwa imebaki, watu walikuwa hai wakigonga chuma. Walioko nje walisikia. Katika haraka ya kuwaokoa, bati la meli likatobolewa. Hewa iliyokuwa imewahifadhi walio ndani, nayo ndiyo iliyokuwa imeishikilia meli isizame, ikatoka. Meli ikazama pamoja nao. Taifa zima likalia. Mamia ya familia katika Kagera na Mwanza hazijaacha kulia hadi leo.

Hatuyasemi haya ili kumnyooshea mtu kidole. Bwana wetu ametukataza leo kupiga hesabu ya namna hiyo. Waliotoboa bati walitaka kuokoa, na moyo wao ulikuwa mahali pake. Tunalisema kwa sababu moja: upendo peke yake, bila ujuzi, wakati mwingine hauwezi kuufungua mlango. Kwenye kioo, mlango uliofunguliwa vibaya hufungwa tena kwa kubonyeza kitufe. Katika Ziwa Victoria hapakuwa na kitufe.

Miaka 22 baadaye, tarehe 20 Septemba 2018, kivuko cha MV Nyerere kilipinduka karibu kabisa na gati ya Bwisya, kisiwani Ukara. Kilikuwa kimeruhusiwa kuchukua abiria 101. Waliokufa peke yao walizidi 220. Wengi walikuwa wametoka sokoni Bugolora. Hata hivyo, siku ya tatu, tarehe 22, wazamiaji waliokuwa wakifanya kazi katika chombo kile kilichopinduka walimtoa mtu mmoja akiwa hai. Alikuwa fundi wa injini, aliyekaa siku mbili gizani, katika nafasi ndogo yenye hewa. Wazamiaji wale waliingia mahali penye vyuma vilivyopinda, nyaya, na miili ya marehemu, wakijua kwamba wao wenyewe wanaweza wasitoke. Waliingia kwa ujuzi, wakaingia kwa upendo. Mtu mmoja! Baada ya vifo vyote vile, kumpata mmoja kulionekana kuwa faida ndogo. Lakini waulizeni watu wa nyumbani kwake kama ilikuwa ndogo.

Sasa tunaweza kuwajibu wazazi. Hatari ya mchezo ule haimo katika kuta zake mbovu wala katika mazimwi yake. Hatari ni kumzoeza kijana mambo mawili pasipo yeye kujua. La kwanza, kwamba gofu ni ghala la kuchukuliwa vitu. La pili, kwamba uhai una akiba.

Juu ya la kwanza, hatuhitaji kwenda Chernobyl. Katika Mkoa wa Geita na katika wilaya ya Kahama yako mashimo ya dhahabu, maduara kama wachimbaji wayaitavyo, ambayo yameachwa na matimba yake yameoza. Wapo vijana wanaojipenyeza humo wakitafuta mabaki. Wanajua shimo ni bovu. Wanajiambia wataingia na kutoka upesi. Mwaka 2015, katika mgodi mdogo wa Nyangalata, Kahama, wachimbaji walifukiwa na udongo. Watano walitolewa hai baada ya siku 41 chini ya ardhi, wakiwa wamekula mende na mizizi, wakinywa maji yaliyokuwa yakichuruzika. Mwenzao mmoja alifia humo. Tunamshukuru Mungu kwa hao watano. Lakini kijana anayetusikiliza asijenge maisha yake juu ya siku 41 za wengine. Dhahabu iliyobaki chini ya matimba yaliyooza si akiba yako, ni chambo.

Juu ya la pili, turudi kwenye Injili. Mara tu baada ya kuutaja mnara wa Siloamu, Bwana alitoa mfano wa mtini usiozaa. Mwenye shamba alikuwa amekuja miaka mitatu akitafuta matunda, asipate, akaamuru ukatwe. Mtunza shamba akauombea mwaka mmoja zaidi, ili aupalilie na kuutilia samadi. Wapendwa, tuutazame mwaka huo kwa makini. Mungu wetu ni mvumilivu. Hutupa nafasi nyingine. Lakini nafasi hiyo si sawa na kile kitufe. Kitufe humrudisha mchezaji mahali alipokuwa, kana kwamba halikutendeka lolote, naye anaweza kukibonyeza mara elfu. Mtini haukurudishwa nyuma. Miaka mitatu iliyopotea ilikuwa imepotea. Ulipewa mwaka mmoja mbele yake, wenye mwanzo na mwisho, na ndani ya mwaka huo palikuwa na kazi ya jembe.

Je, sisi tuliopewa mwaka huo, tumefanya kazi gani ya jembe? Baada ya Mei 1996 tulilia, tukazika, tukaapa. Kisha Septemba 2018 tukalia tena kwa sababu ile ile: chombo kidogo na watu wengi. Kama tungekuwa tumejifunza hata kile anachokijua mtoto mwenye pedi, kwamba mzigo una kipimo, huenda makaburi ya Ukara yangekuwa pungufu. Leo hii, Dominika hii hii, ziko mashua zinazoondoka visiwani zikiwa zimejaa kupita kiasi, na ndani yake wamo wanaosikiliza redio. Ewe ndugu uliyeko gatini, mashua ikijaa, ngojea ya pili. Ewe mwenye chombo, nauli ya abiria mmoja wa ziada isikufanye uwe mlango wa kaburi. Nawe mwenye jengo, unayetaka kuongeza ghorofa juu ya nguzo zisizokuwa zimekusudiwa kuibeba, mwite mhandisi kabla hujamwita fundi. Huko ndiko kuongoka anakokutaka Bwana penye habari ya mnara. Toba haianzii machozini tu. Huanzia pia kwenye nondo na saruji, na kwenye idadi ya abiria.

Na ninyi vijana wetu, hatuji kuwanyang'anya pedi. Tunawaomba mfanye jambo gumu zaidi. Ile hadhari mnayoitumia gofuni, itoeni huko mje nayo nje. Mmejifunza kutembea gizani bila kupaparika. Basi jifunzeni huduma ya kwanza. Mnaishi kando ya ziwa lililowameza ndugu zenu. Jifunzeni kuogelea, na jifunzeni namna ya kumvuta mtu anayezama pasipo kuzama naye. Siku moja, Mungu apishe mbali, jengo litaanguka au chombo kitapinduka mahali mlipo. Siku hiyo hapatakuwa na vitu vya kuokota. Patakuwa na mtu anayegonga ukuta.

Nanyi wazazi, msiishie kukataza. Keti karibu na mwanao saa moja, umwulize: mwanangu, humo ndani unatafuta nini? Nani aliishi katika nyumba hiyo kabla haijaanguka? Maswali hayo mawili yatamsaidia kuliko fimbo. Mtoto aliyezoea kujiuliza nani aliishi hapa, hawezi kupita kando ya makaburi ya Igoma kama apitaye kando ya mawe.

Tunamalizia kwa kumkumbuka mtu mmoja wa Agano la Kale. Nehemia alipofika Yerusalemu aliukuta mji wake ni gofu, kuta zimebomoka, malango yameteketea kwa moto. Akatoka usiku, pamoja na watu wachache, akazunguka akizikagua kuta zilizovunjika, mpaka mahali ambapo mnyama aliyempanda hakuweza kupita. Hakuchukua kitu. Hakumwambia mtu. Kulipokucha aliwaita wenzake akawaalika wajenge, na kila mmoja akashika sehemu yake, wengi wao sehemu iliyokabiliana na nyumba zao wenyewe. Siku 52 baadaye ukuta ulikuwa umekwisha. Huyo ndiye tungependa awe kielelezo cha kila anayeingia katika magofu: aingie akiwa na huzuni ya wakazi wake, atoke akiwa na ramani ya kujenga.

Tuombe. Ee Mungu, Wewe uliyemshukia Mwanao hadi kuzimu kwa kumtuma awatoe waliofungwa gizani, wapokee ndugu zetu wote walioangukiwa na majengo, waliofukiwa migodini, na waliozama katika ziwa letu. Wape ujasiri na ujuzi wote wanaoingia kuwatafuta. Nasi tulio hai utupe mwaka huu mmoja, na mikono ya kuutumia. Kwa Kristo Bwana wetu. Amina.

Mungu awabariki, na Dominika njema.